Mtoto wa paka asitolewe mbele ya juma la nane



Wengi watacheka wakiona makapita wa shule wanaandika juu ya paka, wakati finalisti wote wanatakiwa kutayarisha Egzamu ya Serikali. Wacheke, lakini wasome mpaka mwisho. Jambo hili linagusa maharagi tunayokula kila siku. Tena linagusa kosa moja ambalo sisi wenyewe tulishiriki.

Wote mnamjua paka wa depo, yule mama wa rangi ya majivu. Mbele hajaletwa, panya walikuwa wanatoboa magunia usiku, na asubuhi Mama mpishi alikuwa anatupa unga mwingi, kwa sababu unga uliokojolewa na panya unaweza kuleta ugonjwa. Tunajua kutoka somo la biolojia kwamba panya jike anabeba mimba siku 21 mpaka 23 tu, kisha anazaa watoto wengi kwa mara moja. Mtego mmoja hauwezi kushindana na uzazi kama ule. Tangu paka afike, magunia yanalala mazima.

Muhula uliopita paka huyu alizaa watoto wane nyuma ya magunia. Juma la tatu halijaisha, watatu walikwisha kuchukuliwa. Mmoja alipelekwa Kyeshero, mwingine Katindo, na wa tatu alifichwa mu chumba cha kulala cha wavulana. Huyo wa tatu, tuseme ukweli, alichukuliwa na mmoja wetu makapita. Sisi wengine tulijua, tukanyamaza. Tulichanga feza, tukanunua maziwa yanayotoka Masisi, tukayamimina mu kifuniko cha sufuria. Akalamba, tukafurahi sana. Kesho yake akaanza kuhara. Siku ya ine hakuweza kusimama tena. Tulimzika karibu na ukuta wa mawe ya volkano, na hakuna aliyetaka kusema neno.

Wa Katindo alikufa vilevile. Wa Kyeshero aliishi, lakini wenyewe wanasema anauma na kukwaruza kila mkono unaomkaribia. Wa ine, ambaye hakuna aliyemtaka juu alikuwa mdogo kuliko wenzake, alibaki na mama yake. Leo ndiye anayewinda panya kando ya jiko.

Sasa paka amezaa tena, watoto watano. Wana siku kumi na mbili, macho yanaanza kufunguka. Na tayari tunasikia watu wanasema: "Ule mweupe ni wangu." Ndiyo maana tunaandika leo, tusingoje mpaka kesho.

Kosa letu la kwanza lilikuwa haraka. Meno ya mtoto wa paka yanaanza kutoka karibu na juma la tatu, lakini kutoka kwa meno si ruhusa ya kumtoa kwa mama. Ni alama tu kwamba juma la ine anaweza kuanza kuonja chakula kingine, huku anaendelea kunyonya. Mama mwenyewe anajua kazi hiyo. Meno yakimchoma, anaondoka kidogo, anarudi, anaondoka tena. Kisha anaanza kuwaletea mawindo, ili wajifunze kula na kuwinda. Kazi hiyo inaendelea mpaka juma la nane. Anayemchukua mtoto juma la tatu anamnyima maziwa, anamnyima joto, tena anamnyima masomo. Sisi tunaokaa Goma, karibu metre 1 500 juu ya bahari, tunajua baridi ya usiku. Mtoto wa paka peke yake mu karton anaijua zaidi.

Juu ya kuuma, watu wa Chuo Kikuu cha Helsinki, kule Finland, walichunguza paka zaidi ya 5 000, wakatoa matokeo mwaka 2017. Waliona kwamba paka walioachishwa kunyonya mbele ya juma la nane walikuwa wakali zaidi kuliko wengine. Paka wa Kyeshero hana roho mbaya. Aliondolewa mapema.

Kosa la pili lilikuwa maziwa ya ng'ombe. Maziwa ya Masisi ni mazuri kwa ndama na kwa watu wengi. Lakini maziwa ya paka yana protini karibu mara mbili kuliko ya ng'ombe, na sukari ya maziwa ya ng'ombe inaharibu tumbo la mtoto wa paka. Anahara, maji yanamtoka mwilini, na kwa mnyama mdogo vile, siku mbili tatu zinatosha kumuua. Tulifikiri tunamlisha, kumbe tunamkausha.

Kosa la tatu, ambalo wengi wanafanya, ni kumpa bugali na maharagi peke yake. Paka si mbuzi, wala si mtu. Mwili wake unahitaji kitu kinachoitwa taurini, kinachopatikana katika nyama na samaki, hakimo katika bugali. Mwaka 1975 wataalamu wa Marekani walionyesha kwamba paka anayekosa taurini anaharibika macho, na mwaka 1987 wengine wakaonyesha kwamba hata moyo wake unadhoofika. Paka kipofu hawezi kulinda depo.

Basi afanyiwe nini? Dawa iko karibu nasi, mu ziwa. Sambaza hawakuwa samaki wa Kivu zamani. Waliletwa kutoka ziwa Tanganyika kati ya mwaka 1958 na 1960, na leo wanauzwa kila siku pale Kituku. Juma la ine, chukua sambaza wachache, uwachemshe bila chumvi na bila kitunguu, kwa maana kitunguu ni sumu kwa paka. Usiwape wabichi. Uwaponde pamoja na maji yao mpaka yawe kama uji mwepesi, wala usiyamwage maji hayo, kwa sababu sehemu ya taurini inabaki humo. Weka mu kisahani, chovya kidole, mtoto alambe. Usimsukume pua ndani. Kidogo kidogo, mara ine kwa siku. Juma la tano na la sita, punguza maji, uji uwe mzito. Juma la saba na la nane, wape vipande laini. Maji safi yawe pembeni siku zote.

Kuko wale watakaosema: "Watu hawashibi, ninyi mnataka kulisha paka samaki!" Neno hilo si la kudharau. Mu mji huu tumeona jamaa zinakimbia volkano mwaka 2002 na mwaka 2021, na wengi wetu tunajua njaa kwa jina lake. Lakini hatuombi sahani ya mtu. Tunaomba kiganja kimoja cha sambaza kwa siku, kwa muda wa majuma matano. Yule aliyewahi kuona gunia lililotobolewa na panya afanye hesabu mwenyewe, aone kipi ni hasara.

Kwa hiyo tunaleta maombi matatu. Moja: hakuna mwanafunzi, hata kapita, atakayechukua mtoto wa paka mbele ya juma la nane. Mbili: sisi makapita tutachanga feza ya sambaza, na tutapika kwa zamu, kama Mama mpishi ataturuhusu kutumia moto wake. Tatu: anayetaka mtoto aandikishe jina lake kwetu, na wawili wabaki depo.

Mtume Paulo, alipowaandikia Wakorinto, alichukua mfano wa maziwa na chakula kigumu. Tumeusikia mara nyingi katika ibada ya asubuhi, tukafikiri ni habari ya watu tu. Lakini mfano ule unasimama juu ya jambo ambalo kila mama analijua: chakula kigumu kina wakati wake.

Sisi wa darasa la mwisho tutaondoka mwaka ukiisha. Kule karibu na ukuta kuna jiwe moja dogo ambalo tuliliweka sisi. Hatutaki muongeze la pili.

Makapita wa shule