Cherehani ya umeme iwe ya nani?

Dada zangu, watu wakitaja sayansi na teknolojia akili zetu hukimbilia roketi na maabara za Marekani. Mimi ni fundi nguo, na mabadiliko ninayoyaona yako mezani kwangu.

Hapa Songea, mpaka 2018 tulitumia umeme wa majenereta ya dizeli. Ulikuwa wa kubahatisha, ndiyo maana fundi mwenye akili hakuachana na cherehani yake ya mguu. Mwaka huo njia ya umeme ya kilovoti 220 kutoka Makambako ikafika, tukaunganishwa na gridi ya Taifa. Wengine walifurahia friji. Sisi tukafurahia ovaloki, mota za cherehani, na sasa mashine za kudarizi zinazoendeshwa kwa kompyuta. Nembo ya sweta la shule iliyokuwa ikinimalizia jioni nzima sasa inatoka kwa dakika chache.

Ni neema, sikatai. Ila cherehani ya mguu, binti aliyemaliza kozi aliweza kuipata kwa kudunduliza. Mashine ya kudarizi ni mamilioni. Mwenye mtaji anainunua, na fundi aliyekuwa na meza yake anageuka kibarua wa kulipwa kwa kipande. Ninyi wa visiwani mnalijua hili kwenye kofia: ile ya kiua, inayomchukua mama wiki nyingi kwa mkono, leo inashindana sokoni na ya mashine.

Je, tuzikatae? Mwaka 1831 mafundi wa Paris walivamia karakana ya Barthélemy Thimonnier wakavunja cherehani zake, wakiogopa kukosa riziki. Cherehani zilikuja tu. Kilichozifikisha kwa akina mama wa kawaida ni kampuni ya Singer kuanza, miaka ya 1850, kuziuza kwa malipo ya kidogo kidogo. Chuma ni kile kile. Namna ya kulipa ndiyo iliyoamua nani awe nacho.

Kwa hiyo sivipendi vikoba vyetu vinavyovunja hesabu kila Desemba, tukarudi nyumbani na vitenge na seti za vyombo. Wanawake watano wakiacha sehemu ya gawio lao misimu kadhaa, mashine ni yao. Halmashauri nazo zinatakiwa kisheria kutenga asilimia 10 ya mapato ya ndani kwa mikopo, na asilimia 4 kati ya hizo ni ya vikundi vya wanawake. Mikopo hiyo haina riba, kwa hiyo hata mwenye kuogopa riba hana kisingizio.

Najua ugomvi wa mashine ya shirika: nani kavunja sindano, nani kajipa zamu zote msimu wa Idi. Yaandikeni kwenye daftari kabla ya kununua. Na mmoja wenu ajifunze kuitengeneza, maana fundi akiitwa kutoka Dar es Salaam, nauli mnalipa ninyi.