Waliotutolea Kanda

Tukimtaja Juma Bhalo, mwimbaji wa taarabu aliyefariki mwaka 2014, twataja sauti. Tukimtaja mwanataarabu mwenzake Zein l'Abdin, twataja udi. Ni haki yao. Lakini waliozitoa kazi hizo kwenye sahani na kanda twawasahau upesi mno. Mombasa ilikuwa na Assanand & Sons, wenye lebo ya Mzuri; Mji wa Kale ukawa na Mbwana Radio Service, duka la kanda za taarabu. Wao hawakuwa wachuuzi tu. Taarabu ya harusini ikisharekodiwa, mtu alikaa akaisikiliza kanda mama mpaka mwisho, akachagua nyimbo za upande A na za upande B, akatoa nakala, akakata karatasi ya jalada na kuitia kashani. Bhalo alipoyaimba mashairi ya mshairi Ahmad Nassir kwa mahadhi ya filamu za Kihindi, ni kwa mikono hiyo wimbo ulitoka ukumbini ukaingia majumbani. Lakini joto na unyevu wa pwani huziharibu kanda hizo. Mwenye nazo kabatini azinakilishe kwenye kompyuta sasa, wala asitupe karatasi ya jalada: humo mna jina la aliyeitoa kanda.