Zebaki Nyekundu na Heshima ya Jembe

Uko ugonjwa mmoja unaoudhoofisha utamaduni wa taifa ambao waandishi wetu huupitia mbali, kwa kuudhani kuwa ni upuuzi wa watu wachache. Ugonjwa huo ni imani ya kwamba yapo madini ya ajabu yenye uwezo wa kuupindua ulimwengu kwa ajili ya yule anayeyashika. Madini hayo huitwa zebaki nyekundu. Husemwa kwamba hayaonekani katika kioo, kwamba huifuata dhahabu na kukikimbia kitunguu saumu, na kwamba tone lake moja latosha kumtajirisha maskini kabla ya jua kuchwa. Ndugu yake ni rupia ya Mjerumani, ambayo nayo hutafutwa kana kwamba ni hirizi na wala si sarafu.

Wilaya ya Rungwe haikuepuka uvumi huu, na sababu yake iko katika historia. Mtu aliyeko Kawetele, katika mji wa Tukuyu, anaishi karibu na mahali ambapo Wajerumani waliweka makao yao ya utawala na kuyaita Neu-Langenburg. Kusini mwa mji, kando ya ziwa Masoko, waliweka kambi ya askari wao. Majeshi ya Waingereza yalipoingia Tukuyu mwezi Mei 1916, Wajerumani waliondoka kwa haraka, na tangu hapo husimuliwa kwamba mali yao waliizika ardhini au kuitosa ziwani. Masimulizi ni urithi, nasi hatuyakatai. Tunachokikataa ni biashara iliyojengwa juu yake.

Maana rupia ni nini? Ni fedha ya mkoloni. Hadi 1904 rupia moja iligawanywa katika pesa 64. Baada ya hapo ikagawanywa katika heller 100. Ilikuwa na uzito wa gramu 11 na ushei, na sehemu yake kubwa ni madini ya fedha. Mwaka 1916, vita vilipowabana, Wajerumani waligonga sarafu za dhahabu za rupia 15 huko Tabora, katika karakana ya reli. Hiyo ndiyo siri yake yote. Babu zetu walilazimishwa kuitafuta rupia ili walipe kodi, wakaacha mashamba yao na kwenda kuwa vibarua. Leo mjukuu anaitafuta tena kwa jembe usiku, akiamini ina roho! Kuna kasumba gani kubwa kuliko kuiabudu minyororo iliyomfunga babu yako?

Na zebaki nayo tunaijua. Ni metali ya rangi ya fedha iliyo majimaji. Wachimbaji wadogo wa Chunya huitumia kuishika dhahabu, nayo huwalipa kwa kuwaharibia mishipa ya fahamu na figo. Ikichanganyika na salfa, huwa jiwe jekundu ambalo watu wa mataifa mengi wamelisaga kuwa rangi tangu zamani. Lakini ile zebaki nyekundu ya maajabu haijapata kuthibitishwa na mwanasayansi yeyote. Uvumi wake ulivuma Ulaya katika miaka ya mwisho ya dola ya Kisovieti, ukidai kwamba ndiyo siri ya mabomu ya nyuklia. Mwaka 2009, Saudi Arabia, watu walizinunua cherehani kuukuu za Singer kwa bei za kushangaza, wakidhani zimefichwa humo. Kule Zimbabwe wako waliopasua mabomu ya kutegwa ardhini wakiitafuta, wakafa.

Basi ni nani anayefaidika? Si mchimbaji. Anayefaidika ni yule anayekuja na simu ya mnunuzi asiyeonekana, akadai ada ya kupima, kisha ada ya dawa, kisha ada ya mlinzi. Mkulima huuza ng'ombe, huuza shamba la migomba, na mwisho hubaki na chupa ya maji yaliyotiwa rangi. Huu ni unyonyaji kama unyonyaji mwingine wowote, ila mrija wake umefichwa ndani ya vazi la mila.

Hapo ndipo hoja yetu ilipo. Wapo watetezi wasemao kwamba haya ni mambo ya jadi, na kwamba kuyapinga ni kuiga Wazungu. Huo ni uongo juu ya wazee wetu. Wanyakyusa walikuwa na Lwembe wa Lubaga, aliyeaminiwa kushika mvua na rutuba ya nchi. Lakini nguvu hiyo haikuwa mali yake. Lwembe alipodhoofika kwa maradhi, makuhani walimuua ili nchi isidhoofike pamoja naye. Hatuombi desturi hiyo irudi. Twasema tu kwamba wazee walijua kuwa nguvu ya kugeuza ulimwengu ni mzigo unaobebwa kwa ajili ya wote. Tena walikuwa na neno *ukwangala*, yaani kukaa pamoja na kufurahiana kwa chakula na mazungumzo, ambalo Monica Wilson alilieleza katika kitabu chake cha 1951. Mtafuta zebaki nyekundu huchimba usiku akimficha jirani yake, kwa matumaini ya kula peke yake. Ni mila ipi hiyo?

Kama ni madini ya ajabu, wazee walikuwa nayo. Wahunzi wa Kikinga waliyeyusha chuma milimani, wakaleta majembe Unyakyusa na kurudi na chakula. Jembe hilo lilipokutana na udongo wa majivu ya volkano, jiwe liligeuka ndizi, maharage na maziwa. Hayo ndiyo mageuzi ya kweli ya ulimwengu.

Hatumcheki mtu aliyetapeliwa. Mkulima ambaye jasho lake halilipwi bei ya haki husikiliza upesi habari za utajiri wa usiku mmoja. Azimio la Arusha la 1967 lilikwisha onya kwamba fedha si msingi wa maendeleo, likatuelekeza kwenye ardhi na kazi. Onyo hilo litasikika pale tu kazi itakapolipa. Kwa hiyo wajibu uko pande mbili. Shule ziwafundishe watoto habari za mawe ya mlima Rungwe, gesi ya Kyejo na kimondo cha Mbozi, ambacho karibu asilimia 90 yake ni chuma, ili wajue kwamba nchi yao ina maajabu yasiyohitaji uongo. Na wenye mamlaka wahakikishe mazao yanapata bei ya haki, wakamshike tapeli na kumfikisha mahakamani badala ya kumchekelea.

Taifa linalosubiri jiwe la kulikomboa limekwisha kuidharau mikono yake lenyewe. Ndugu msomaji, tuirudishie mikono heshima yake.