Mhazigi Ana Jina, Mfupa Uliounga Kombo Hauna

Mwanafunzi wa Kiswahili nchini Kenya hufunzwa mapema kuwa mhazigi ni mtu anayeunga mifupa iliyovunjika. Neno hilo hukaririwa pamoja na sonara na mhunzi, hujibiwa katika mtihani, kisha husahaulika. Lakini mwanafunzi huyo akiulizwa mfupa ulioungwa ukaunga vibaya waitwaje, hana neno moja linalokubaliwa na wote. Makala haya yanashikilia kuwa pengo hilo si la kamusi pekee. Linamuumiza mgonjwa, na wasomi wa Kiswahili wana wajibu wa kuliziba.

Hospitali hazihifadhi maradhi kwa maneno tu. Uainishaji wa Kimataifa wa Magonjwa, ambao chimbuko lake ni orodha ya sababu za vifo iliyotayarishwa na Jacques Bertillon mwaka 1893, na ambao umesimamiwa na Shirika la Afya Duniani tangu 1948, huyapa maradhi misimbo ya herufi na tarakimu. Katika toleo la 10, kuvunjika kwa shingo ya fupa la paja ni S72.0, kuvunjika chini yake kidogo, penye vinundu vya fupa hilo, ni S72.1. Mfupa uliounga vibaya ni M84.0, usiounga ni M84.1, na uliochelewa kuunga ni M84.2. Tarakimu 5 ikiongezwa mwishoni, huonyesha kuwa tatizo liko katika eneo la nyonga na paja. Toleo la 11 lilianza kutumika rasmi tarehe 1 Januari 2022, lakini haja ya kutofautisha hali hizo ni ile ile.

Tofauti hizo si urembo wa makarani. Shingo ya fupa la paja hupata damu kupitia mishipa ambayo hukatika kwa urahisi. Kwa hiyo mfupa waweza kukosa kuunga, au kichwa chake kikafa. Penye vinundu damu ni tele. Hapo mfupa huunga, lakini usiposhikiliwa sawasawa huunga ukiwa umepinda, mguu ukafupika na wayo ukaelekea nje. Wa kwanza huenda akahitaji nyonga bandia. Wa pili huenda akahitaji mfupa ukatwe upya na kunyooshwa.

Chukua mfano wa bibi kizee wa Mbita, katika Kaunti ya Homa Bay, aliyeteleza nyumbani, au mchimba dhahabu wa Nyatike, katika Kaunti ya Migori, aliyeanguka kutoka kwenye bodaboda. Baada ya miezi kadhaa anaambiwa, "Mfupa umeunga." Kauli hiyo ni ya kweli, na bado inapotosha. Mgonjwa huelewa kuwa amepona, akajikokota nyumbani na mguu mfupi, asirudi tena. Asiporudi, hakuna msimbo. Akirudi na kusema tu kuwa nyonga inamuuma, huenda akaandikiwa M25.5, yaani maumivu ya kiungo. Hivyo kaunti itahesabu maumivu, wala si mfupa uliopinda. Nayo haja ya daktari wa upasuaji wa mifupa itaonekana ndogo kuliko ilivyo.

Wapo watakaodai kuwa msimbo hauna lugha, kwamba majalada huandikwa kwa Kiingereza, na kwamba wakazi wengi wa kaunti hizo husema Kijaluo, Kikuria au Kisuba. Madai hayo yana uzito. Hata hivyo, msimbo hutanguliwa na mazungumzo, na mazungumzo hayo hayawezi kukwepa lugha. Daktari aliyetoka kaunti nyingine akikutana na mgonjwa wa Kikuria karibu na mpaka wa Isebania, daraja lililo karibu zaidi mara nyingi ni Kiswahili. Daraja hilo likikosa mbao, mgonjwa ndiye anayetumbukia.

Aidha, Kiswahili hakihitaji kuazima hapa. Kitenzi unga tayari kina nguvu ya kutosha: mfupa waweza kuunga sawa, kuunga kombo, kuchelewa kuunga, au kutounga. Maneno manne mepesi yanatosha kubeba kile ambacho misimbo inakitofautisha. Kinachohitajika ni kuyakubali, kuyaingiza katika kamusi, na kuyapeleka kwa wauguzi, matabibu na maafisa wa kumbukumbu za afya.

Kifungu cha 7 cha Katiba ya 2010 kilikipa Kiswahili hadhi ya lugha rasmi. Hadhi hiyo haitimizwi kwa makongamano na mashindano ya insha pekee. Vyama vya wanafunzi wa Kiswahili vyaweza kuanza na wodi moja, vikasikiliza jinsi wagonjwa wanavyoieleza mifupa yao kwa lugha zao, kisha vikaandaa orodha fupi pamoja na wahudumu wa afya. Mgonjwa atakayeweza kusema, "Mfupa wangu umeunga kombo," atakuwa amempa karani msimbo nusu, na daktari sababu ya kumtazama upya.