Parseli: tuombe juji kitu chenye tunatafuta kweli

Siku hizi, ku biro za sendika, wafanyakazi hawaleti tena mambo ya mushahara peke yake. Wanaleta karatasi za parseli. Mutu amechimba shaba miaka 30, amepata dekonti yake ya mwisho, amenunua kiwanja, amejenga vyumba viwili. Kisha mwingine anafika na sertifika yenye jina lake yeye. Kesi inaanza.

Karatasi hizo tumesoma mingi, na kosa linalorudia ni moja. Mu « assignation », ile karatasi ya kumwita mupinzani mbele ya tribinali, wameomba tu: huyu mutu atoke mu parseli. Basi. Siku ya kesi, mupinzani anasimama na kuonyesha sertifika ya conservateur. Juji afanye nini? Hawezi kufuta karatasi yenye hakuna mutu amemuomba aifute. Anakata juu ya kile kilichoombwa, hapana zaidi. Na kwa sheria ya 20 julai 1973, iliyorekebishwa mwaka 1980, udongo ni wa Leta, na haki ya mutu juu ya kiwanja inaonyeshwa na sertifika. Fishi ya komini, karatasi ya kuuziana, barua ya shefu wa mugini, vyote vinasaidia kueleza historia, lakini mbele ya sertifika ni vyepesi.

Hata hivyo ombi linaweza kurekebishwa. Kesi ikiwa ingali inasikilizwa, avoka anaandika « conclusions » mupya na kuongeza: tunaomba sertifika hii ifutwe, kwa sababu ilipatikana kwa udanganyifu; tunaomba conservateur aingizwe mu kesi, aeleze aliitoa juu ya musingi gani. Mupinzani anapewa kopi na siku za kujibu. Hii hapana ujanja, ni haki. Ila ombi libaki mu historia ya kiwanja kile kile: huwezi kuanza na parseli na kumaliza na deni la gari.

Shida ni wakati. Juji akisha kuchukua kesi mu délibéré, mulango umefungwa. Kuufungua tena kunategemea yeye. Kungojea appel ni kujidanganya: kule ombi mupya, kwa kawaida, halipokelewi. Tena sheria inatoa miaka 2 ya kushambulia sertifika. Ikipita, mara nyingi kinachobaki ni kudai malipo, na malipo hayalazi watoto. Remise tatu, remise nne, mwaka umeisha. Kuna wapinzani wanaozitafuta makusudi, na majuji wanaozitoa kama pipi.

Ba mama wajane waangalie kitu kingine. Kesi iliyofunguliwa kwa jina la mutu aliyekwisha kufa haiponi kwa kurekebisha. Inafunguliwa upya, na feza inalipwa upya. Kama bwana amekufa kesi ikiwa njiani, warizi waende kuiendeleza kwa majina yao. Hata namba ya parseli: tarakimu moja ikikosewa, hukumu inaweza kuanguka juu ya kiwanja cha jirani.

Kwa ba avoka tunasema bila kuficha: muteja asomewe karatasi yake kwa Kiswahili kabla ya kuipeleka. Yeye njo anajua alinunua kwa nani, mbele ya nani, na nani alikuja kupima. Wengi wanaweka sahihi juu ya Kifaransa chenye hawakuelewa, halafu wanashangaa siku ya hukumu.

Na wewe mwenye kesi, chukua assignation yako leo. Tafuta ukurasa wa mwisho, pale panaanza maneno « Par ces motifs ». Njo pale maombi yako yote yameandikwa. Kama sertifika ya mupinzani haitajwi pale, ona avoka wako wiki hii. Na kama hauna avoka, leta kopi ku sendika mbele ya siku ya kesi, hapana kisha.