Vitabu vya chama viende kwenye wingu, lakini ufunguo ubaki Busale

Kama unafanya biashara halali hapa Kyela, tayari uko kwenye wingu, upende usipende. Risiti ya mashine ya EFD ikitoka dukani, taarifa zake zinakwenda TRA kwa mtandao wa simu. Kokoa yetu inapigwa mnada kwenye mfumo wa Soko la Bidhaa Tanzania, TMX, na mnunuzi anaweza kukaa Dar es Salaam akapandisha bei ya gunia ambalo hajaligusa. Tume ya Maendeleo ya Ushirika nayo ina mfumo wake wa MUVU, ambao vyama vya msingi vinatakiwa kuutumia. Kwa hiyo mjadala wa kama biashara za vijijini ziingie huko au zisiingie umekwisha kabla hatujauanza. Kilichobaki ni namna ya kuingia, na hapo ndipo naona tunaharakishwa.

Mimi ni mtunza hesabu hapa Busale. Nashika vitabu vya duka la pembejeo, na siku za kupokea mzigo nakaa mezani pembeni ya mizani nikimsaidia karani wa chama chetu cha msingi. Miaka ya karibuni wauzaji wa mifumo ya kutunza kumbukumbu kwenye wingu wameanza kutufikia. Wanakuja na kompyuta mpakato, wanaonyesha grafu za rangi, wanaacha mkataba na kusema bei hiyo mwisho wake Ijumaa.

Niseme wazi kwamba nautaka mfumo huo. Anayeitetea karatasi hajawahi kuitunza Kyela, wilaya inayopata mvua ya zaidi ya milimita 2,000 kwa mwaka. Leja iliyopita masika mawili kwenye kabati la mbao kurasa zake hushikana. Ukizibandua taratibu kwa kisu, wino wa bluu unagawanyika: jina la mkulima linabaki ukurasa huu, kilo zake zinabaki ukurasa wa pili. Nakala ya kaboni ndiyo mbaya zaidi, maana inafifia hata isipolowa. Mama mmoja alinijia na stakabadhi yake akidai malipo ya pili ya msimu uliopita. "Mwanangu, kokoa nilileta mwenyewe, na wewe ulikuwepo," aliniambia. Nilikumbuka kweli kwamba alileta. Lakini tarakimu ya kwanza kwenye nakala yake haikusomeka, na ukurasa wake kwenye leja ulikuwa umeliwa na mchwa. Kamati ilikaa siku nzima kwa ajili ya gunia moja. Kumbukumbu hiyo ingekuwa na nakala mahali pengine, shauri lingekwisha kwa dakika tano, na mama yule asingerudi nyumbani akijiona kama mtu aliyekuja kuomba.

Ndiyo maana mikataba hii naisoma mstari kwa mstari. Mmoja kati ya ile iliyopita mezani kwangu ulikuwa na kifungu kinachosema taarifa zote zitakazoingizwa kwenye mfumo zitakuwa mali ya mtoa huduma. Mwingine haukusema lolote kuhusu siku ya kuachana. Ulieleza vizuri namna ya kulipa, namna ya kupewa nywila na adhabu ya kuchelewesha ada, lakini chama kikitaka kuondoka kinaondoka na nini, kimya. Sisi watu wa stakabadhi ghalani tulipaswa kulitambua tatizo hili mapema kuliko wengine. Mwenye ghala analipwa kwa kutunza, na kokoa inabaki ya mkulima. Hakuna mkulima wa hapa atakayesaini karatasi inayosema gunia likishavuka mlango ni la mwenye ghala. Iweje tusaini hivyo kwa jina lake, namba yake ya NIDA, akaunti yake ya benki na ramani ya shamba lake?

Nimetaja ramani ya shamba kwa makusudi. Mwaka 2023 Umoja wa Ulaya ulipitisha kanuni inayozuia kuingiza kwenye soko lake kokoa, kahawa na mazao mengine kadhaa yaliyolimwa kwenye ardhi iliyokatwa misitu baada ya tarehe 31 Desemba 2020. Kwa kila mzigo, mwagizaji atatakiwa kuonyesha mahali shamba lilipo, kwa vipimo vya latitudo na longitudo. Kwa shamba lisilozidi hekta 4, nukta moja ya GPS inatosha. Utekelezaji umeahirishwa mara mbili, na sasa unasubiriwa kuanza mwishoni mwa 2026. Maana yake kwetu ni hii: orodha ya mashamba ya Kyela yenye nukta zake imekuwa mali inayotafutwa. Desemba 2024, bei ya kokoa kwenye soko la New York ilipovuka dola 12,000 kwa tani, kila mtu alizungumzia magunia. Wachache walizungumzia orodha. Chama chenye orodha yake mkononi kinaweza kumhudumia mnunuzi yeyote. Chama ambacho orodha yake imo kwenye akaunti ya kampuni moja kitauza kwa kampuni hiyo, au kitaanza kuzunguka mashambani upya na simu mkononi.

Sheria iko upande wetu, tatizo ni kwamba hatuitumii. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 ilianza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na ikaunda Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi. Anayekusanya taarifa za watu anapaswa kujisajili, kueleza anazikusanya kwa lengo gani, na kufuata masharti kabla ya kuzipeleka nje ya nchi. Chama cha ushirika kinakusanya taarifa za watu, kwa hiyo wajibu ni wake, hata kama mashine zenyewe ni za mtu mwingine. Na mara nyingi mashine hizo ziko mbali: Amazon, Microsoft na Google zimeweka vituo vyao vya wingu vya barani kwetu Afrika Kusini, Cape Town na Johannesburg. Mimi sipingi data kukaa Johannesburg. Ninachopinga ni mwenyekiti kutojua kama iko huko.

Halafu kuna mtandao wenyewe. Tarehe 12 Mei 2024 nyaya za EASSy na Seacom zilikatika baharini, na Tanzania ikawa miongoni mwa nchi zilizoumia zaidi. Wakati wa uchaguzi wa Oktoba 2025 intaneti ilizimwa nchi nzima kwa siku kadhaa. Ongeza na mambo yetu ya kawaida, umeme kukatika mvua ikianza na mnara wa simu kuzidiwa. Mkulima aliyeshusha gunia kwenye mizani hawezi kuambiwa asubiri nyaya za baharini ziungwe. Mfumo unaotufaa ni ule unaopima na kutoa stakabadhi bila mtandao, ukatunza kazi ya siku kwenye kifaa, kisha ukaipandisha mtandao ukirudi. Muuzaji akisema wake unafanya hivyo, mwambie azime data ya simu hapo hapo, apime gunia moja, atoe risiti.

Wapo wanaoamini kwamba kitu kikishafika kwenye wingu hakipotei. Tarehe 26 Septemba 2025 moto uliunguza kituo cha data cha serikali ya Korea Kusini kule Daejeon. Hifadhi moja ya watumishi wa umma, terabaiti 858, iliteketea yote kwa sababu haikuwa na nakala kwingine. Hiyo ni nchi inayotuuzia simu na televisheni. Kinyume chake ni UniSuper, mfuko wa pensheni wa Australia. Mei 2024 wingu lake binafsi kwenye Google Cloud lilifutwa kwa kosa la usanidi upande wa Google. Wanachama wake zaidi ya laki tano walikaa siku nyingi bila kuona akaunti zao mtandaoni, lakini huduma ilirudi, na miongoni mwa vilivyosaidia ni nakala iliyokuwa kwa mtoa huduma mwingine. Chama chetu hakihitaji mtoa huduma wa pili mwenye jina kubwa. Kinahitaji diski ya nje, inayojazwa kila wiki na kufungiwa kwenye sanduku la fedha pamoja na kitabu cha hundi, na mtu mmoja mwenye jukumu hilo kwa maandishi.

Kuhusu gharama sitasema mengi. Angalia tu kama bei ni ya shilingi au ya dola. Mwanzoni mwa 2023 dola moja ilikuwa shilingi 2,300 na ushee, katikati ya 2024 ikapita 2,600. Ada haikupanda hata senti, lakini aliyelipa kwa dola aliumia.

Kama ningeulizwa na kamati, na nadhani nitaulizwa, ningeshauri tuanze na kitu kidogo: kuhifadhi nakala. Leja zilizopo zipigwe picha na kupandishwa kwenye akaunti iliyofunguliwa kwa jina la chama na kwa namba ya simu ya chama. Isiwe barua pepe ya kijana wa mwenyekiti, ambaye kesho anaweza kuhamia Mbeya na nywila yake. Baada ya hapo mizani na stakabadhi ziingie kwenye mfumo msimu mmoja, huku kitabu kikiendelea kuandikwa, na kila jioni jumla mbili zilinganishwe. Ni kazi mara mbili, najua, na mimi ndiye nitakayeifanya. Hesabu za malipo zije mwisho, zile jumla mbili zikishakuwa zinakubaliana.

Mkataba ukiletwa kwenye mkutano mkuu, nawaomba wanachama wenzangu msiulize kwanza bei. Mwombeni muuzaji atoe kumbukumbu zote za majaribio kwenye mfumo wake, aziweke kwenye faili la kawaida, na faili hilo lifunguliwe mbele yenu kwenye kompyuta isiyo yake. Likifunguka na majina na kilo vikaonekana, jadilianeni bei. Lisipofunguka, msisaini.