Nachingwea Haikuzaliwa na Karanga

Mwulize mtu wa Dar es Salaam anajua nini kuhusu Nachingwea, uwezekano mkubwa atakujibu kwa neno moja: karanga. Kama alisikiliza darasani ataongeza kwamba Waingereza walileta matrekta baada ya Vita Kuu ya Pili, wakala hasara kubwa, wakafunga virago, na mji ukalala mpaka leo. Hadithi hiyo ni fupi na inachekesha, ndiyo maana inapendwa. Lakini ndani yake mna madai mawili ambayo huwa hayasemwi waziwazi: kwamba kabla ya matrekta palikuwa pori tupu, na kwamba baada yake hapakutokea jambo. Yote mawili ni ya uongo, na la kwanza ndilo baya zaidi, kwa sababu ndilo lililowaponza Waingereza wenyewe.

Tuanzie Ruponda. Leo ni kata tu ndani ya Wilaya ya Nachingwea, lakini kwenye ramani za Jimbo la Kusini za enzi ya ukoloni Ruponda ilikuwa jina la wilaya, na nchi yake ndiyo leo imegawanyika kati ya Nachingwea na Ruangwa. Oktoba 1917 majeshi ya Waingereza yaliyokuwa yakimfukuza Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani, katika Vita Kuu ya Kwanza yaliingia Ruponda na kukamata shehena kubwa ya chakula alichokuwa amekiweka hapo. Siku chache baadaye, kuanzia tarehe 15 hadi 18, pande hizo mbili zikakutana Mahiwa, karibu na Nyangao, katika mapigano yaliyomwaga damu kuliko karibu yote ya vita ile Afrika Mashariki. Waandishi wa vita hukaa sana Mahiwa na kuipita Ruponda kwa sentensi moja. Mimi nakaa Ruponda. Pwani nzima ilikuwa imezingirwa na manowari za Uingereza, kwa hiyo chakula kile hakikushushwa melini. Kililimwa na Wamwera na majirani zao, kikachukuliwa, kikarundikwa ghalani. Jeshi haliweki akiba ya miezi mahali pasipo na wakulima wa kuijaza.

Na hata kabla ya hapo nchi hii haikuwa pembe iliyosahaulika. Misafara ya kutoka upande wa Ziwa Nyasa kwenda Kilwa na Lindi ilipita huku, ikiwa na Wayao waliokuwa mabingwa wa biashara hiyo, pamoja na dhambi yake kubwa ya kuuza watu. Bara hili la Lindi na Kilwa lilipeleka pwani nta, ufuta na mpira wa porini. Mwaka 1876 Askofu Edward Steere alipowaleta watumwa walioachwa huru kutoka Unguja, akikusudia kuwapeleka mpaka Nyasa, safari iliishia Masasi na wakajenga hapo. Miaka sita baadaye Wangoni walikivamia kijiji hicho. Unaweza kuita historia hiyo ya mateso, na utakuwa sahihi. Upweke haumo.

Basi lile pori walilolikuta Waingereza lilitoka wapi? Jibu linajulikana, ila halipendezi. Wamwera waliingia katika Vita vya Maji Maji mwaka 1905. Misheni za Nyangao na Lukuledi zilishambuliwa, na boma la Liwale likateketezwa. Wajerumani walijibu kwa kuchoma mashamba na maghala, na njaa ikaua wengi kuliko risasi. Hata hesabu za chini kabisa za vita vile kwa Kusini nzima zinafika makumi ya maelfu ya watu. Muongo mmoja baadaye ikaja vita nyingine, nayo ikachukua wanaume kuwa wapagazi na nafaka kuwa posho ya askari. Kisha, katika miaka ya 1940, serikali ya Uingereza ikawahamisha watu wa upande wa Liwale kwa sababu ya ugonjwa wa malale, na nchi yao ikaongezwa kwenye hifadhi ya wanyama ya Selous. Watu wakitolewa, mbung'o na tembo huingia. Pori la namna hiyo lina wazazi wanaojulikana kwa majina, na mmoja wao ni ofisi ileile iliyokuja baadaye kusema: hapa pako wazi, tulime.

Ujumbe wa Uingereza wa kutafuta ardhi ya karanga, ulioongozwa na John Wakefield, ulizunguka Afrika Mashariki kwa majuma tisa tu mwaka 1946, sehemu kubwa ya ukaguzi ikifanywa kutoka angani. Ukiwa ndani ya ndege huwezi kuona shamba lililopumzishwa, wala mpaka wa ukoo, wala kisima kinachokauka Septemba. Taarifa yao ilipendekeza mashamba 107, kila moja la ekari 30,000. Hapa nawaomba wanaodhani kwamba Mpango wa Karanga ulikuwa wa Kongwa wasimame kidogo: kati ya hayo 107, mashamba 55 yalipangwa Jimbo la Kusini. Kongwa ndiyo iliyoanza, kwa kuwa ilikuwa karibu na reli, na ndiyo iliyopigwa picha nyingi. Ila moyo wa mpango ulikuwa huku, na huku hapakuwa na bandari ya kina wala reli. Ikabidi vyote vijengwe kwanza: bandari Mtwara, na reli ya kutoka pwani hadi Nachingwea. Januari 1951 serikali ya London ilipotangaza kuuacha mpango, pauni milioni 36 zikiwa zimeyeyuka, bandari ilikuwa bado haijakamilika. Reli ilitengenezwa kubeba karanga, na karanga hazikuja.

Sina ugomvi na karanga zenyewe. Watu wa Kusini walizilima kwa jembe la mkono bila kelele, wakizichanganya na mtama na mihogo, kwa kuwa walijua kwamba mwaka mmoja mvua hukubali hiki na kukataa kile. Nakiri pia kwamba Waingereza waliacha alama: mitaa ya Nachingwea iliyopimwa, uwanja wa ndege, majengo. Makao ya utawala kuwa Nachingwea badala ya mahali pengine yanatokana na wao. Lakini kupima viwanja ni jambo moja na mji kuishi ni lingine. Reli ilifungwa mwaka 1962, ikang'olewa, na mji haukufa. Kama ungekuwa mtoto wa karanga, ungezikwa na mama yake.

Kuhusu madai ya pili, kwamba baada ya karanga hapakutokea kitu, inashangaza kwamba tunayavumilia sisi Watanzania. Mashamba ya mpango yalikuwa na namba badala ya majina, na moja lao, Farm 17, lilikabidhiwa FRELIMO, chama cha ukombozi wa Msumbiji, katikati ya miaka ya 1960 kuwa kambi yao kuu ya mafunzo. Samora Machel aliongoza mafunzo hapo kabla hajawa rais wa chama, wakati Eduardo Mondlane, kiongozi wa kwanza wa chama hicho, alikuwa bado hai. Mwaka 1967 kikundi cha kwanza cha wanawake wapiganaji, Josina Muthemba akiwamo, kilifunzwa Nachingwea. Walijifunza silaha, lakini pia walijifunza kusoma, kulima na kukaa pamoja wakiwa wametoka makabila ambayo Mreno alikuwa ameyachonganisha. Mei 1975 Machel alivuka Ruvuma na kuanza safari ya kuelekea Maputo, ambako uhuru ulitangazwa tarehe 25 Juni. Dola moja huru ililelewa mahali ambapo sisi tunapataja kwa kicheko cha matrekta. Watoto wa Msumbiji walisomeshwa jina la Nachingwea shuleni kama jina la heshima. Wa kwetu walisomeshwa pauni milioni 36.

Kulikuwa na gharama pia. Kuwa jirani wa vita si kazi rahisi, na mpaka wa Ruvuma uliishi miaka kumi na hofu ya mabomu ya Mreno na mkondo wa wakimbizi. Watu wa Kusini waliwapokea. Wengi walikuwa ndugu zao hasa, Wamakonde, Wamakua na Wayao wenye ndugu ng'ambo zote mbili za mto.

Sasa tuzungumze fedha, maana wanaoidharau Kusini hupenda kusema kwamba watu wake hawajui kujitafutia. Wakati shirika la serikali la Mpango wa Karanga lilikuwa linavunja majembe ya chuma kwenye visiki, wakulima wadogo walikuwa wanapanda mikorosho. Hawakuwa na meneja kutoka London. Kufikia msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna tani 145,000 za korosho, nyingi zikitoka Kusini. Kisha ikaja Operesheni Vijiji, watu wakahamishwa mbali na miti yao, ugonjwa wa ubwiriunga ukaingia, bei ikadidimia, na katikati ya miaka ya 1980 mavuno yalikuwa yameshuka hadi chini ya tani 20,000. Nani alirudi kusafisha mashamba yale, akanunua salfa, akapulizia mti mmoja mmoja? Ni walewale. Msimu wa 2017/18 nchi ilivuna zaidi ya tani 300,000. Mara mbili katika karne moja watu hawa wamevurugiwa na mipango ya wakubwa, mmoja wa mkoloni na mmoja wa kwetu, na mara zote mbili wao ndio waliosimamisha upya kilichoanguka. Ukitaka kuandika historia ya uzembe wa Kusini, itabidi utafute ushahidi mahali pengine.

Nenda siku ya mnada wa RUNALI, chama kikuu cha ushirika cha Ruangwa, Nachingwea na Liwale. Mkulima amepeleka mzigo wake chama cha msingi, ukapimwa, ukaenda ghala kuu chini ya mfumo wa stakabadhi ghalani. Bei za wanunuzi zinasomwa, na wakulima wanazikubali au wanazikataa hapohapo. Humo utasikia mzee asiyewahi kufika Mumbai akieleza hali ya soko la India kwa ufasaha. Ana sababu. Mwaka 2017 India ilipoweka kikomo cha mbaazi kutoka nje, mbaazi za huku zilidoda hadi baadhi ya watu wakaziacha shambani. Mji ambao riziki yake hutikiswa na tangazo la New Delhi utauitaje kisiwa?

Kuna hoja nyingine, ya wasomi kidogo: kwamba tatizo si ardhi wala barabara, ni ngoma. Jando na unyago, wanasema, vinakula muda wa masomo na fedha za mavuno. Sitaki kuvipamba, yapo mafunzo ya unyago ambayo binti wa miaka kumi hayamhusu, na wazazi wenyewe wanabishana juu yake. Lakini hoja hiyo inadhani kwamba mila ni jiwe. Katika miaka ya 1920 Vincent Lucas, aliyekuja kuwa Askofu wa Masasi wa kanisa la Kianglikana, aliona kwamba hawezi kuiondoa jando, akaiingiza kanisani kwa sala na kwa mahali maalumu pa kutahiria. Waislamu nao wana namna yao. Siku hizi familia nyingi husubiri likizo ya shule ndipo ngoma ipigwe. Mila iliyokwisha kukubaliana na padri, sheikh na mwalimu mkuu haiwezi kushtakiwa kwa ukaidi. Kama shule haina walimu wa kutosha wa hesabu, tuanzie hapo kwanza.

Na barabara? Kwa miongo mingi, wakati wa masika, Kusini ilikatwa na Mto Rufiji. Magari yalipanga foleni kusubiri kivuko cha Ndundu, na daraja halikupatikana mpaka 2003, nchi ikiwa huru kwa zaidi ya miaka arobaini. Daraja hilo lina jina la Benjamin Mkapa, mzaliwa wa Masasi. Kutengwa huko hakukutokana na tabia za watu, kulitokana na bajeti.

Sasa hadithi ya karanga imepata mdogo wake. Husemwa kwamba Ruangwa imeinuliwa na mtu mmoja, Kassim Majaliwa, aliyekuwa mbunge wake na Waziri Mkuu kuanzia 2015 hadi 2025. Kwamba cheo kile kilisaidia, hakuna anayebisha. Uwanja wa mpira wenye jina lake upo. Lakini timu ya Namungo, iliyopanda Ligi Kuu mwaka 2019, ikafika fainali ya Kombe la Shirikisho mbele ya Simba mwaka 2020 na kisha hatua ya makundi ya Kombe la Shirikisho Afrika, ilihitaji pia watu wa kujaza jukwaa na wenye chochote mfukoni cha kulipia kiingilio. Fedha ya maduka ya Ruangwa hupanda msimu wa ufuta, mbaazi na korosho, na hushuka msimu ukipita, awepo waziri au asiwepo. Tunaonekana kutaka kila mji wa Kusini uwe na baba kutoka nje yake.

Anayefuata katika foleni ya ubaba ni madini. Wilayani Ruangwa kuna madini ya kinywe, yanayotakiwa kwa betri za magari ya umeme, na mgodi wa Lindi Jumbo uko Matambarale. Nachingwea kuna nikeli ya Ntaka Hill. Nimeanza kusikia tena sentensi ya Wakefield, kwamba ni ardhi kubwa isiyotumika. Kwa Wamwera ukoo hufuata upande wa mama, na shamba la mikorosho huweza kuwa limepandwa na bibi, likapaliliwa na binti zake, na likasemewa na mjomba. Mthamini anapofika na fomu yenye nafasi ya saini moja, ni nani kati ya hao anayeitwa?